Kitabu cha anwani kimegoma: hitilafu za wab32.dll, MAPI32.dll na wenzake kwenye Windows

Kompyuta inawaka vizuri, intaneti ipo, lakini ukifungua programu ya barua pepe, au ile ya kuwatumia wateja SMS, kinajitokeza kidirisha chenye alama nyekundu na jina la faili usilowahi kulisikia: wab32.dll halipo. Wengi hulichukua jina hilo, wakalitafuta mtandaoni, wakaangukia tovuti inayogawa DLL bure, wakapakua na kubandika. Hapo ndipo tatizo la nusu saa linapogeuka kuwa la wiki nzima.

Jina linalotajwa kwenye ujumbe wa hitilafu mara nyingi si la mgonjwa. Ni la aliyeitwa akakosekana. Kazi yako ni kujua nani aliita, aliita kutoka wapi, na kwa nini aliyeitwa hakuitika. Ukibadilisha faili kabla ya kujibu maswali hayo, unapiga ramli.

Mafaili yenyewe

DLL ni faili la msimbo linalotumiwa na programu nyingi kwa pamoja, mfano wa kinu cha nyumba ya kupanga: kila mpangaji anatwangia hapo, na mmoja akikihamisha, nyumba nzima inalala bila kisamvu. Kwenye habari za anwani, yanayosumbua ni haya.

wab32.dll ndilo kiini cha kitabu cha anwani cha Windows. Makazi yake ni C:\Program Files\Common Files\System. Windows ya biti 64 (biti ni kipimo cha upana wa data inayoshughulikiwa kwa mkupuo; zipo Windows na programu za 32 na za 64) ina nakala mbili. Ya pili, ya biti 32, imo C:\Program Files (x86)\Common Files\System. Pembeni yake kuna wab32res.dll, lenye maandishi na picha za vidirisha. Programu zinazoyatumia moja kwa moja ni wab.exe na ile ya kuingiza majina, wabmig.exe, zote ndani ya C:\Program Files\Windows Mail.

MAPI32.dll liko C:\Windows\System32. Hili ni mlango tu: programu nyingine ikitaka kutuma barua au kuomba anwani, hupitia hapo kuifikia programu ya barua pepe uliyoichagua. Outlook ina la kwake la anwani, contab32.dll, ndani ya folda ya Office.

Kwanza nakili majina

Majina na namba hazimo ndani ya DLL. Ukilijua hilo hofu inapungua nusu, kwa sababu maktaba ikifa kabisa majina bado yako salama mahali pengine.

Kuanzia Windows Vista, majina yanakaa C:\Users\jina-lako\Contacts, kila mtu na faili lake lenye mwisho wa .contact. Lifungue kwa Notepad na utaona XML ya kawaida. Jina, simu na barua pepe vinasomeka kwa macho. Kwenye XP, ambayo bado inapumua katika ofisi kadhaa, yote yamefungwa kwenye faili moja la .wab ndani ya C:\Documents and Settings\jina-lako\Application Data\Microsoft\Address Book. Folda ya Application Data imefichwa, kwa hiyo washa kwanza chaguo la kuonyesha mafaili yaliyofichwa. Ukikuta pembeni faili lenye mwisho wa .wa~, usilifute. Hiyo ni akiba: la .wab likiharibika, lihamishe pembeni, kisha nakili lile la akiba na ulipe nakala hiyo mwisho wa .wab. Mtumiaji wa Outlook mwenye faili la .pst, ghala la barua na anwani zake, anakili hilo, Outlook ikiwa imefungwa.

Weka nakala mahali pawili. Flashi iliyozunguka stationery zote za mtaa isiwe mojawapo.

Dalili: "wab32.dll is missing" au "was not found"

Sababu inayoongoza ni antivairasi. Programu ya wab.exe ni halali, lakini wadukuzi hupenda kujificha nyuma yake kuendesha msimbo wao, na kwa hiyo antivairasi huwa na kisirani na familia hii yote. Fungua Windows Security, ingia "Virus & threat protection", kisha "Protection history", utafute jina la faili. Ukiliona, usikimbilie kulirudisha. Soma kwanza njia iliyoandikwa. Kama lilikamatwa ndani ya C:\Program Files\Common Files\System, inawezekana ni makosa ya antivairasi: isasishe, lirudishe, kisha lipime tena. Kama lilikamatwa kwenye Downloads, kwenye AppData\Local\Temp au kwenye flashi, hilo halikuwa la Windows hata kidogo. Liache kifungoni na ushuke hadi sehemu ya "watu wanapokea barua ambazo hukutuma" hapa chini.

Sababu ya pili ni programu za "kusafisha kompyuta", zile zinazoahidi kasi. Nyingine hufuta mafaili ya pamoja zikidhani hayana mwenyewe. Kusanidua programu ya zamani ya barua pepe kunaweza kuleta hayo hayo: inaondoka na vyombo vya wenzake.

Ya tatu ni faili kuwepo, ila anayeliita anagonga mlango mwingine. Angalia kwa macho kama lipo kwenye folda zote mbili nilizotaja. Kama lipo na ujumbe bado unatoka, fungua regedit, programu ya kusoma rejista (daftari la mipangilio ya Windows), nenda HKEY_LOCAL_MACHINE\SOFTWARE\Microsoft\WAB\DLLPath, usome tu, usibadilishe chochote. Thamani ya kawaida inaelekeza kwenye Common Files\System\wab32.dll. Programu nyingi huuliza hapo ndipo zijue maktaba iko wapi. Ukikuta inaelekeza kwenye folda ya ajabu, au kwenye DLL yenye jina lisiloeleweka, simama. Kubadilisha njia hiyo ni mbinu inayojulikana ya kuendesha msimbo wa mtu mwingine kwa mgongo wa wab.exe. Hiyo si hitilafu tena, ni mgeni ndani ya nyumba.

Ya mwisho, na adimu kuliko zote, ni diski inayokufa. Ikiwa na mafaili mengine yanapotea au yanagoma kufunguka, acha yote, hamisha data.

Matengenezo yafuate mpangilio huu, na usiruke.

1. Washa kompyuta upya. Sasisho la Windows lililokatika katikati, pengine umeme ulipokatika, mara nyingi humalizia kazi yake hapo.

2. Fungua dirisha jeusi la amri: andika cmd kwenye sehemu ya kutafutia, bofya kwa kitufe cha kulia, chagua "Run as administrator". Andika:
sfc /scannow
Windows itakagua mafaili yake na kurudisha yaliyoharibika. Ikijibu kwamba imekuta uharibifu na kuurekebisha, washa upya ujaribu programu yako. Ikijibu "found corrupt files but was unable to fix some of them", nenda hatua ya tatu. Ikijibu kwamba haikuona ukiukwaji wowote, wab32.dll lako ni zima, na tatizo liko kwa anayeliita.

3. Andika:
DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth
Amri hii huchota mafaili safi kutoka Microsoft, kwa hiyo angalia bando kabla ya kubonyeza Enter. Asilimia zinaweza kuganda muda mrefu; usizime. Kama intaneti ni ya kuungaunga, tafuta picha ya ISO (faili moja lenye diski nzima ya usakinishaji) ya toleo lile lile la Windows, ifungue, tuseme imekuwa D:, halafu andika:
DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth /Source:wim:D:\sources\install.wim:1 /LimitAccess
Ile 1 ya mwisho ni namba ya toleo ndani ya faili, Home, Pro na mengineyo. Inabidi ilingane na Windows yako. Ikiisha, rudia sfc.

4. Kama faili lipo na ni zima ila Windows imesahau kulitambua, liandikishe upya:
regsvr32 "C:\Program Files\Common Files\System\wab32.dll"
Kwa lile la biti 32 tumia regsvr32 iliyo ndani ya C:\Windows\SysWOW64. Usijaribu kuandikisha wab32res.dll. Litakujibu kwamba DllRegisterServer haikupatikana, na wengi huchukulia jibu hilo kuwa kosa jipya. Si kosa: lile ni faili la maandishi na picha, halina cha kuandikisha.

Na ile tovuti ya DLL bure? Hata likiwa safi, hujui ni la toleo gani la Windows, la biti ngapi, wala limepita mikononi mwa nani. Kuwepo kwa "Microsoft Corporation" kwenye kichupo cha Details si ushahidi. Maneno hayo anayeandika faili ndiye anayeyaweka.

Dalili: 0xc000007b, 0xc000012f, au "entry point not found"

Hapa faili lipo, lakini wawili hawaelewani.

Kwa 0xc000007b, sababu ya kawaida ni kuchanganya biti: programu ya biti 32 imekabidhiwa DLL ya biti 64, au kinyume chake. Windows yenyewe inachangia mkanganyiko. System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye ya biti 32. Majina yamekaa kichwa chini, na kila fundi mpya anaingia mtego huo. Aliyewahi kubandika DLL ya kupakua ndani ya System32 aanzie hapo. Ondoa lile uliloliweka, endesha sfc, sanidua programu inayolalamika na uisakinishe upya kutoka kwa mtengenezaji wake. Chanzo kingine cha namba hii ni Visual C++ Redistributable (maktaba za Microsoft ambazo programu nyingi huzitegemea) iliyokosekana au kuvurugika. Ipakue kutoka Microsoft wenyewe, na kwenye Windows ya biti 64 weka zote mbili, x86 (ya biti 32) na x64.

Namba 0xc000012f, ile yenye maneno "is either not designed to run on Windows or it contains an error", huwa inasema ukweli: faili limeharibika. Angalia ukubwa wake. Nimeona mengi yenye KB 0, matunda ya umeme kukatika katikati ya sasisho. Dawa ni sfc na DISM kama hapo juu.

"Entry point not found" ina hadithi yake. Programu inapoita DLL, Windows, isipokuwa kwa mafaili machache ya mfumo, huanza kutafuta ndani ya folda ya programu yenyewe kabla ya kwenda kwingine. Kwa hiyo nakala kuukuu ya wab32.dll au MAPI32.dll iliyoachwa kwenye folda hiyo ndiyo itakayochukuliwa, hata kama iliyo mahali pake halali ni nzima. Fungua folda ya programu inayolalamika. Ukikuta DLL ya mfumo imekaa humo, ipe jina jingine, mfano wab32.dll.zamani, kisha jaribu. Ikifanya kazi, umepata. Isipofanya, rudisha jina.

Tabia hiyo hiyo ya kuanza kutafuta karibu ndiyo iliyomlazimu Microsoft kutoa sasisho la usalama MS10-096 mwezi Desemba 2010. Mtu alitumiwa faili la .wab likiwa folda moja na wab32res.dll bandia; alipobofya la anwani, kitabu cha anwani kikaita maktaba yake, na kikachukua ile iliyo jirani. Ukipokea folda au zip yenye faili la .wab na DLL yoyote pembeni, usifungue chochote humo. Anwani hazihitaji kusafiri na DLL.

Dalili: kitabu kinafunguka lakini ndani ni tupu

Usikimbilie DLL. Kama kitabu kimefunguka, maktaba imefanya kazi yake. Ulichopoteza ni njia ya kwenda kwenye majina.

Angalia kwanza kama umeingia kwenye akaunti yako. Kwenye dirisha la amri andika echo %userprofile%. Ikijibu C:\Users\TEMP, Windows imeshindwa kufungua wasifu wako na kukupa wa muda. Usihifadhi kitu hapo, maana kila kilichomo hufutwa ukitoka. Toka, washa upya. Ikirudia, mpe fundi, kwa sababu kurekebisha wasifu kunagusa rejista sehemu nyeti.

Kisha angalia folda ya Contacts. Ibofye kwa kitufe cha kulia, "Properties", kichupo cha "Location". Kama iliwahi kuhamishiwa D: au kwenye diski ya nje ambayo haijachomekwa, majina yanakusubiri huko. Chomeka diski, au bonyeza "Restore Default" baada ya kuhamisha mafaili.

Waliokuwa wanatumia programu za Mail na People zilizokuja na Windows 10 wana sababu yao: Microsoft alizisitisha tarehe 31 Desemba 2024. Majina yaliyokuwa yameunganishwa na akaunti ya Outlook.com au Gmail bado yako kwenye akaunti hizo. Ingia kwa kivinjari uyaone.

Na aliyehamisha faili la .wab kutoka XP akalitupa ndani ya Contacts hataona kitu, kwa kuwa mfumo mpya hausomi hivyo. Fungua folda ya Contacts, bonyeza "Import", chagua "Windows Address Book File". Yatagawanywa, kila mtu faili lake.

Dalili: majina yameingia yakiwa yamevurugika

Hili huletwa kwa mafundi kama tatizo la DLL, na karibu kila mara si la DLL. Ni la faili linaloingizwa.

Mkosaji mkuu ni Excel. Unafungua orodha ya CSV (faili la maandishi matupu, kila kipengele kikitenganishwa kwa koma au alama nyingine) kupanga majina, unahifadhi, na tayari imekula sifuri ya mwanzo: namba inayoanza na 07 imebaki na 7 peke yake. Namba zilizoandikwa kwa msimbo wa nchi bila alama ya jumlisha, zenye tarakimu 12, zinaonekana kama 2.55712E+11, na ukihifadhi CSV zikiwa hivyo, tarakimu za mwisho zimekwenda na hazirudi. Usifungue CSV kwa kubofya mara mbili. Fungua Excel tupu, tumia sehemu ya "Data" kuingiza faili, na uiambie safu ya simu ni "Text".

Kinachofuata ni alama ya kutenganisha. Kwenye kompyuta iliyopangwa kwa mazoea ya Kifaransa, kama nyingi za Bujumbura na Lubumbashi, Excel hutenganisha kwa nuktamkato, ilhali Windows Contacts inasubiri koma. Matokeo yake mtu mmoja anaingia na maisha yake yote kwenye sehemu ya jina. Fungua CSV kwa Notepad uone kuna nini kati ya maneno.

Halafu kuna herufi. François akiingia akawa FranÃ§ois, faili lilikuwa UTF-8 na programu ikalisoma kama ANSI, namna mbili tofauti za kuhifadhi herufi. Lihifadhi upya kwa Notepad ukichagua ANSI, kisha ingiza tena. Kiswahili chenyewe kinasalimika kwa kuwa hakina alama juu ya herufi, ndiyo maana mtu wa Tanga anaweza kuishi na tatizo hili miaka bila kulijua, hadi apate mteja wa Goma.

Kwa mafaili ya .vcf ya simu: Android mara nyingi hutoa vCard (kadi ya anwani) toleo 2.1, ambalo huandika herufi zisizo za kawaida kwa mafumbo kama =C3=A7. Ukiyaona kwenye Notepad usishtuke, ni usimbaji tu, si kirusi. Shida iko Outlook: ukiipa .vcf moja yenye watu mia tatu, inaingiza wa kwanza na kunyamaza. Pandisha faili kwenye Google Contacts, kisha litoe kwa muundo wa "Outlook CSV".

Dalili: Outlook inalalamika

"Either there is no default mail client…" hutoka pale programu nyingine, ya uhasibu kwa mfano, inapotaka kutuma ankara. Mara nyingi hujachagua programu ya barua pepe, au unatumia Gmail ndani ya kivinjari, ambayo haina mlango wa MAPI. Ichague kwenye "Default apps". Kama Outlook ipo na imechaguliwa, linganisha biti: programu ya biti 32 inayotaka kuingia ndani ya Outlook ya biti 64 haitaelewana nayo, na hakuna DLL ya kupakua itakayowapatanisha. Mmoja abadilishwe.

Ujumbe kwamba orodha ya anwani haiwezi kuonyeshwa, kwa kuwa folda ya Contacts imehamishwa au kufutwa, unatisha kuliko uzito wake. Bofya folda ya anwani kwa kitufe cha kulia, "Properties", kichupo cha "Outlook Address Book", utie tiki kwenye "Show this folder as an e-mail Address Book". Kama pa kutia tiki pamefifia, nenda "Account Settings", kichupo cha "Address Books", ondoa "Outlook Address Book", funga Outlook, fungua, uiongeze tena. Majina hayafutiki kwa kufanya hivyo.

"MAPI32.DLL is corrupt or the wrong version" huja baada ya kusakinisha programu nyingine ya barua, au Office mbili za miaka tofauti kwenye mashine moja. Funga Outlook, endesha fixmapi.exe kama msimamizi. Haisemi kitu, inafanya kazi na kuondoka. Isiposaidia, tafuta Msmapi32.dll ndani ya Common Files\System\MSMAPI, kwenye folda ya namba ya lugha, 1033 kwa Kiingereza. Ipe jina Msmapi32.old na ufungue Outlook. Bado? "Programs and Features", Office, "Change", "Quick Repair". "Online Repair" iwe ya mwisho, inapakua Office karibu yote upya. Na kama Office yako ilipigwa ufunguo wa mtaani, usitegemee ukarabati huu: vifurushi hivyo mara nyingine huja na mafaili yaliyochezewa tangu mwanzo.

Dalili: watu wanapokea barua ambazo hukutuma

Kitabu cha anwani ni mali, na wezi walijua hilo zamani. Melissa, Machi 1999, kilichukua anwani 50 za kwanza za Outlook na kujituma kwao. ILOVEYOU cha Mei 2000 hakikuchagua, kilituma kwa wote.

Leo, barua za namna hii zinaweza kutoka kwa mtu aliyeiba nywila yako akakaa mbali kabisa na kompyuta yako. Angalia folda ya "Sent": kama barua zimo, akaunti imeingiliwa. Badilisha nywila ukitumia kifaa kingine safi, washa uthibitisho wa hatua mbili, na kagua kama kuna kanuni ya kupeleka barua zako kwingine ambayo hukuiweka.

Chomoa kompyuta kwenye mtandao na umwite mtaalamu, bila kuendelea kujaribu, ukikuta mojawapo ya haya: DLLPath imeelekezwa pasipojulikana; wab.exe inaendelea kufanya kazi kwenye Task Manager ilhali hukuifungua. Antivairasi imezimika na haiwashiki. Au mafaili yameanza kubadilika majina. Usifomati kwa hasira. Kufomati kunafuta ushahidi wa mlango alioingilia.

Kama orodha ni ya wateja au wagonjwa, tatizo limevuka ufundi. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 na Kenya ina ya kwake ya 2019. Mwenye ofisi aambiwe siku hiyo hiyo. Kwa sababu hiyo hiyo, usimfungulie kompyuta kwa mbali "fundi" aliyejitokeza kwenye kundi la WhatsApp, wala usimtumie faili la majina "alijaribishe kwake".

Kwa wa Linux, kwa ufupi

Ujumbe ni "error while loading shared libraries", ukifuatiwa na jina kama libebook-1.2.so na namba. Hiyo ni maktaba ya anwani ya Evolution Data Server inayotumiwa na GNOME. Namba ya mwisho hubadilika matoleo yanapopanda, na programu iliyojengwa kwa namba ya zamani inabaki ikiita isiyokuwepo. Angalia kwa amri ya ldd kinachokosekana, kisha sasisha programu yenyewe. Kutengeneza kiungo bandia kutoka namba moja kwenda nyingine hufungua programu, kisha inaanguka ukigusa jina la kwanza. Majina yako yamo ~/.local/share/evolution/addressbook, yanakili kabla ya yote.

Ukimpelekea fundi

Mpigie picha kidirisha chote cha hitilafu, si kipande. Njia ya faili iliyo chini ndiyo yenye jibu. Mwambie Windows ni toleo gani na biti ngapi, na ni kitu gani kilisakinishwa au kusaniduliwa siku chache kabla. Kama sfc ilishindwa, endesha hii:
findstr /c:"[SR]" %windir%\Logs\CBS\CBS.log > "%userprofile%\Desktop\sfcdetails.txt"
Faili litatokea juu ya meza ya kompyuta. Mistari yenye "Cannot repair member file" inataja kwa jina kila kilichogoma, na fundi anayejua kazi ataanzia hapo. Akiruka kuisoma na kukuambia tupige Windows mpya, mwombe kwanza akuonyeshe nakala ya folda ya Contacts ikiwa nje ya mashine.